Mjadala: Makundi yakigombea msikiti, korti ifunge mlango?

Mwana Kibokoni: Kamati mbili, maimamu wawili, mimbari moja. Korti hapa Kenya ikiamuru msikiti ufungwe mpaka kesi iishe, imelinda amani au imetuadhibu sote? Naona hakimu hukimbilia kufuli kwa sababu fiqhi, sheria ya dini yetu, haijui. Kesi hizi zilikuwa za kadhi.

Karani Mstaafu: Kadhi wa nini? Ibara ya 170(5) ya Katiba: hadhi ya mtu, ndoa, talaka, mirathi, tena wahusika wote wawe Waislamu na wamekubali kwenda kwake. Kesi ya kiwanja ni ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Kadhi abaki na talaka zake.

Ustadhi: "Talaka zake"? Adabu, mzee! Msikiti ni waqfu, mali iliyotolewa kwa ajili ya Mungu, na waqfu ni fiqhi tupu: sharti la waqifu aliyeitoa, nani mutawalli wa kuisimamia, mali haiuzwi wala hairithiwi. Jaji wako ataanza na nambari ya ploti.

Karani Mstaafu: Na aanze hapo hapo. Kamati huangukia kwenye hati: wadhamini watatu wameandikwa, wawili wako kaburini, hakuna aliyebadilisha majina. Halafu kila kundi linaleta kumbukumbu zake za mkutano mkuu, tarehe moja, viongozi tofauti.

Binti Mvita: Mnagombea vyeo, swali ni kufuli. Zuio la kusikiza upande mmoja, chini ya Kanuni ya 40 (Order 40) ya mwenendo wa kesi za madai, hutolewa mara moja na halizidi siku 14. Baada ya hapo ni vigezo vya zuio vya kesi ya Giella ya 1973, pande zote zikiwepo. Kinacholeta ngumi ni ile amri ya "hali ibaki kama ilivyo". Ilivyo lini? Ijumaa iliyopita mimbari ilikuwa ya nani? Wote wanatoka kortini wakipiga takbiri. Wakili aombe amri itaje nani anashika funguo, nani anatoa hutuba, na OCS, mkuu wa kituo cha polisi, asimamie utekelezaji. OCS asipotajwa, polisi watakwambia hiyo ni kesi ya madai, wao hawaingii.

Kijana wa Majengo: Kufuli ya nini na kuna kifungu cha 43 cha sheria ya mwenendo wa jinai? Mtoa habari anaapa mbele ya hakimu, vinara wa fujo wanaitwa wajieleze, wanatia saini bondi ya kulinda amani, isiyozidi mwaka. Wachache wanabanwa, msikiti unabaki wazi. Na fujo zenyewe ni ile amin ya kwenye swala tu, huyu kaipaza, yule kanuna.

Ustadhi: "Amin tu"! Kwa amin hiyo watu walishtakiwa kwa jinai India. Mahakama Kuu ya Allahabad, 1885, Jaji Syed Mahmood alitofautiana na wenzake, akachimba vitabu vya fiqhi mwenyewe.

Karani Mstaafu: Ahsante. Jaji huyo, si kadhi.

Ustadhi: Jaji aliyejua Kiarabu! Nitafutie wa hivyo korti za Milimani, Nairobi.

Mwana Kibokoni: Na sanduku la sadaka? Mlango ukifungwa, akaunti inabaki kwa nani?

Binti Mvita: Kwa waliotia saini benki, isipokuwa umeomba nayo izuiwe. Wengi husahau, wanashika mlango, pesa zinatokea dirishani.

Karani Mstaafu: Ndiyo kesi yenyewe hiyo. Amin ni kisingizio.

Ustadhi: Mzee, kwanza futa ile "talaka zake".