Mrejesho: Linux ya kompyuta kwenye simu
Wakuu, niliuliza namna ya kupata Linux yenye deskitopu kwenye Android bila kuiruti simu (kujipa mamlaka yote ya mfumo), maana kwa QEMU, programu inayoiga kompyuta nzima, ilikuwa inajikongoja. Asanteni sana. Nimemfuata aliyesema niachane na kuiga kompyuta nzima: nimeshusha Termux (programu ya kuandikia amri za Linux kwenye Android) ya F-Droid (duka la programu huria), nikaweka Debian (aina mojawapo ya Linux) kwa proot-distro (zana ya kuendesha Linux ndani ya Termux bila kuiruti), halafu deskitopu ya XFCE kupitia Termux:X11 (programu inayoionyesha kwenye skrini). Inafunguka fasta, LibreOffice naandikia bila shida.

Mwanzoni ilikuwa inajizima ghafla na kuacha maneno “signal 9”, yaani Android imeiua. Dawa ilikuwa kuondoa kizuizi cha michakato tanzu (programu ndogo zinazoanzishwa na programu nyingine) kwenye mipangilio ya wasanidi (Developer options). Simu yangu ni Android 14.

Docker (ya kuendesha programu ndani ya makontena) imegoma. Inahitaji vitu vya keneli (kiini cha mfumo) ambavyo proot haina, kwa hiyo hapo nimenyoosha mikono. Na tafuteni kibodi ya Bluetooth, menyu za XFCE kwa kidole ni mateso.