Kibarua wa kaunti tangu 2019: sheria inanitambua vipi?

MamaRehema: Hamjambo ndugu zangu. Nafanya usafi na kupanga faili kwenye kituo cha afya cha kaunti moja huku Pwani ya Kenya. Niliingia 2019 kama kibarua. Asubuhi natia saini kwenye daftari, mwisho wa mwezi siku zinahesabiwa, pesa zinaingia kwa M-Pesa. Barua ya ajira sina, likizo sina. Nilipojifungua nilikaa nyumbani bila senti. Sasa bodi inayoajiri watu wa kaunti imetangaza nafasi, na hii ninayoifanya imo. Msimamizi naye ameleta mkataba wa miezi mitatu, anasema asiyetia saini Jumatatu asije. Je, miaka yote hii inahesabika? Naweza kudai ajira ya kudumu?

KaraniMstaafu: Pole sana mwanangu. Inahesabika. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinasema kibarua aliyefanya kazi mfululizo kwa siku zinazofika mwezi mmoja, au aliyepewa kazi isiyoweza kwisha ndani ya miezi mitatu, anahesabiwa kuwa mwajiriwa wa kulipwa kwa mwezi. Hafukuzwi kwa neno la mdomo, anapewa notisi ya siku 28. Akipitisha miezi miwili anapata haki zote za sheria hiyo: likizo ya mwaka, na likizo ya uzazi ya miezi mitatu kwa mshahara kamili. Kaunti inafungwa na sheria hii sawa na mwenye duka.

Shangazi_Kisauni: Kweli mzee, lakini tusimpe dada matumaini ya bure. Kifungu hicho hakimpi kazi ya kudumu yenye pensheni. Hiyo hutolewa na Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti, chini ya Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012, na lazima nafasi itangazwe watu washindane. Hata wale wahudumu wa afya wa UHC, mpango wa serikali wa afya kwa wote, walioajiriwa kwa mikataba 2020, walikesha nje ya Afya House, makao makuu ya Wizara ya Afya, mwaka 2025 wakidai kuingizwa kwenye ajira ya kudumu. Kwa hiyo dada, peleka maombi yako sasa hivi, na uandike wazi kwamba kazi hiyo unaifanya tangu 2019.

MamaRehema: Maombi nitapeleka kesho, shangazi. Na huu mkataba?

KaraniMstaafu: Usome wote kabla ya kushika kalamu. Tafuta maneno kama "ajira mpya" au "sina madai yoyote ya awali". Ukiyaona, usiyaache hivi hivi. Andika barua kwamba unatia saini bila kuacha haki zako za tangu 2019, upeleke nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Na upite ofisi ya leba kabla ya Jumatatu.

Wakili_Kijana: Kesi nyingi za vibarua huvunjika kwenye neno "mfululizo", yaani kuonyesha kwamba kazi haikukatika. Toa taarifa ya M-Pesa ya miaka yote, na ya NSSF, ule mfuko wa akiba ya uzeeni, kama walikuwa wakikukata. Kutokuwa na barua kusikutishe: chini ya kifungu cha 10, mwajiri asiyeweza kuonyesha maandishi ya ajira ndiye anayebebeshwa mzigo wa kuthibitisha masharti ya kazi. Bodi ikikukataa kwa njia usiyoridhika nayo, rufaa inaanzia Tume ya Utumishi wa Umma. Ukirukia mahakamani, kesi inaweza kutupwa. Na usilale, madai ya ajira yana ukomo wa miaka mitatu.

MamaRehema: Asanteni mno. Madaftari ya zamani yako stoo, yameanza kuliwa na mchwa. Nikiyapiga picha kwa simu inatosha?

Wakili_Kijana: Piga leo, kila ukurasa wenye saini yako, na simu hiyo usiiuze wala usiifute, picha zitahitaji cheti cha ushahidi wa kielektroniki, hicho wakili atakuandalia. Kisha iandikie kaunti ukiomba nakala rasmi chini ya Sheria ya Kupata Habari ya 2016. Wana siku 21 za kukujibu.