Naombeni ushauri: TSH imeshuka, FT4 imepanda, TRAb ipo, lakini mgonjwa hana dalili ya thairoidi

Tabibu_Wilayani

Wakuu, habari za kazi. Naombeni msaada kwa wanaoijua maabara kwa ndani.

Mgonjwa ni mama wa miaka 36, amekuja na uchovu na nywele kukatika. Sampuli ya thairoidi tulituma maabara ya nje, majibu ni haya:

TSH (homoni inayoiamuru tezi ya thairoidi) 0.06 (kawaida 0.27–4.2)
FT4 (homoni huru ya thairoidi) 34 (12–22)
FT3 (homoni huru ya pili ya thairoidi) 9.4 (3.1–6.8)
TRAb (kingamwili zinazoichochea thairoidi) 3.8 (mwisho 1.75)

Ukisoma karatasi, huyu ana ugonjwa wa Graves, yaani thairoidi inafanya kazi kupita kiasi kwa kuchochewa na kingamwili. Ukimtazama mwenyewe, mapigo 74, presha 118/76, mikono imetulia, uzito uleule wa mwaka jana, macho hayajatoka, shingo haina uvimbe. Sampuli nyingine ya asubuhi hiyohiyo, iliyopimwa hapa kwetu, imetoa potasiamu 7.1 (juu mno) na kalsiamu 1.3 (chini mno), kreatinini (kipimo cha figo) 68. ECG (mchoro wa umeme wa moyo) ni safi.

Ushauri niliopewa ni kuanza kabimazoli (dawa ya kuipunguza kasi thairoidi) 30 mg leo na kumpa rufaa kwa ajili ya potasiamu. Sijaanza. Nishike lipi kwanza?

Seramu_Safi

Umefanya vema kutoanza. Shika potasiamu kwanza, kwa sababu ikiwa ya kweli haisubiri. Chukua sampuli mpya sasa hivi na umwache kwenye uangalizi mpaka jibu litoke. Thairoidi ya mtu mwenye mapigo 74 inaweza kusubiri siku tatu bila madhara.

Halafu muulize swali moja: anameza nini kwa ajili ya hizo nywele? Usimuulize "unatumia dawa gani", atakujibu hatumii, maana kwake vile si dawa. Taja vitu kwa majina: vidonge vya nywele, vya kucha, vya ngozi, pipi laini za vitamini, unga wa kuchanganya kwenye juisi. Mwambie alete kopo lenyewe.

Tabibu_Wilayani

Kopo limeletwa. Limeandikwa bayotini (vitamini B7) 10,000 mcg kwa kidonge. Anameza vitatu kila asubuhi, na siku ya kutolewa damu alikuwa amemeza kama saa mbili kabla.

Seramu_Safi

Basi hapo ndipo pa kuanzia. 10,000 mcg ni 10 mg, kwa hiyo kwa siku anapata 30 mg. Mahitaji ya mtu mzima ni kama 30 mcg. Yaani anameza mara elfu moja ya anachohitaji. Mwilini haimdhuru, figo zinaitoa kwenye mkojo. Inachoharibu ni kipimo.

Kwa nini: mashine nyingi za homoni hutumia jozi ya bayotini na streptavidini kama ndoano. Kingamwili ya kitendanishi (kemikali ya kupimia) imebandikwa bayotini. Vipande vidogo vya sumaku vimepakwa streptavidini, ambayo huing'ang'ania bayotini kwa nguvu kuliko karibu kitu chochote kingine katika kemia ya viumbe. Kipimo kikiiva, streptavidini inainasa bayotini, sumaku inashikilia kila kilichonaswa, maji ya kusuuza yanaondoa mengine, na mashine inasoma mwanga wa kilichobaki.

Sasa seramu (maji ya damu) ya mgonjwa ikija na bayotini yake tele, inakaa kwenye nafasi za streptavidini kabla ya ile ya kitendanishi. Kingamwili zenye alama ya mwanga zinakosa pa kushika na zinasuuzwa. Mwanga unafifia.

Mwanga hafifu una maana mbili tofauti. Kipimo cha TSH ni cha kubana: homoni inakaa katikati ya kingamwili mbili, mwanga mwingi maana yake homoni nyingi. Mwanga ukififia, TSH inasomeka chini. FT4 na FT3 ni vipimo vya kushindania nafasi, humo mwanga mwingi maana yake homoni kidogo. Mwanga ukififia, zinasomeka juu. Kipimo cha TRAb kwenye mashine hizi nacho ni cha kushindania, kwa hiyo mtu asiye na kingamwili hata moja anaonekana anazo.

Kosa moja, majibu manne, na yote yanaangukia kwenye picha ileile ya Graves. Kama yangekosea ovyoovyo, mtu angeshtuka mapema.

Mpimaji_Mwandamizi

Niongeze upande wa mashine. Uliza maabara hiyo inatumia mashine gani na toleo gani la kitendanishi. Familia ya Roche cobas (Elecsys) imejengwa juu ya streptavidini. Vitendanishi vyake vya zamani vya TSH na FT4 vilianza kuyumba bayotini ikifika nanogramu 20 hadi 30 kwa mililita, na kwa 30 mg iliyomezwa saa mbili kabla, kiwango hicho kinapitwa mbali. Matoleo mapya mengi yameongezewa uvumilivu hadi 1,200. Vipimo vya TSH na FT4 vya Abbott Architect havitumii ndoano hiyo. Usikariri jina la mashine pekee, fungua karatasi ya maelezo inayokuja ndani ya boksi la kitendanishi, sehemu ya vizuizi vya kipimo. Kiwango cha bayotini kimeandikwa humo.

Namna ya kuthibitisha:

Kwanza, sampuli ya zamani isitupwe. Ipakuliwe kwenye vikopo viwili na igandishwe nyuzi -20.

Pili, mgonjwa aache vidonge. Chama cha Thairoidi cha Marekani kinashauri angalau siku 2. Kwa 30 mg kwa siku subiri saa 72. Wanaopewa 100 hadi 300 mg kwa magonjwa ya neva au ya kurithi ya kimetaboliki wanahitaji muda mrefu zaidi, na hao wasiachishwe bila daktari wao, kwa sababu kwa baadhi yao bayotini ndiyo tiba yenyewe. Figo zikiwa mbovu, ongeza siku. Huyu kreatinini 68, hana shida.

Tatu, rudia kwenye mashine ileile. Ukibadilisha mashine na siku kwa pamoja, hutajua ni kipi kimebadilisha jibu. Mashine isiyotumia streptavidini iisomee ile sampuli ya zamani iliyogandishwa. Ikitoa TSH ya kawaida kutoka kwenye damu ileile, huhitaji ushahidi mwingine.

Tahadhari moja kwa wenzangu wa benchi: msijaribu kuzimua FT4. Homoni huru iko kwenye mizani na ile iliyoshikwa na protini, ukitia maji mizani inavurugika na namba utakayopata haina maana. TSH ndiyo inayozimulika, kwa kimiminika cha kampuni, 1:2 kisha 1:5. Ukizidisha jibu kwa kiasi ulichozimua na likawa linapanda kila unapozimua, kuna kitu kinachoingilia kipimo.

Mama_Kliniki

Samahani, mimba imeangaliwa? Mwanzoni mwa mimba hCG (homoni ya mimba) inaichochea thairoidi na kuishusha TSH kweli, bila bayotini yoyote. Apimwe hCG ya damu kwenye mashine hiyohiyo.

Mpimaji_Mwandamizi

Swali ni zuri, ila si kwenye mashine hiyohiyo, dada. hCG ni kipimo cha kubana kama TSH. Bayotini iliyomo itaishusha, na mjamzito anaweza kuambiwa hana mimba. Tumia kipimo cha mkojo, na hata hicho soma maelezo yake kwanza, maana vipo vya haraka vinavyotumia ndoano ileile ya streptavidini. Ukiwa na shaka, rudia siku ya sampuli mpya.

Hili la kushusha ndilo la kuogopwa kuliko yote. Troponini (kipimo cha moyo ulioumia) pia ni ya kubana. Mwezi Novemba 2017 FDA, mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani, ilitoa tahadhari baada ya taarifa ya mgonjwa aliyekufa akiwa anatumia bayotini nyingi, troponini yake ikiwa imesomeka chini kuliko ukweli. Waliirudia tahadhari hiyo 2019.

Benchi_la_Kemia

Naona wote mmeelekea kwenye thairoidi. Potasiamu 7.1 haihusiani na bayotini hata kidogo. Ile inapimwa kwa elektrodi, hakuna kingamwili wala streptavidini humo. Tusiitupie bayotini kila namba mbaya.

Iangalieni pamoja na kalsiamu 1.3. Mtu mwenye kalsiamu ya 1.3 ya kweli angekuwa na ganzi mdomoni na vidole vimekakamaa, na QT (kipande kimoja cha mchoro) kwenye ECG ingekuwa imerefuka. Potasiamu juu, kalsiamu chini, mgonjwa mzima: hiyo ni EDTA (kemikali ya kuzuia damu kuganda) imeingia kwenye tyubu ya kemia. Tyubu ya zambarau ina chumvi ya potasiamu ya EDTA. Potasiamu yake inajumlishwa kwenye ya mgonjwa, na EDTA yenyewe inaifunga kalsiamu. ALP nayo hushuka, kwa sababu EDTA inaifunga zinki na magnesiamu ambazo kimeng'enya hicho hakiwezi kufanya kazi bila hizo. Kama ALP ilipimwa kwenye sampuli ile, itazame.

Inatokea hivi: damu ya bomba la sindano inajazwa tyubu ya zambarau kwanza, ncha inagusa ukuta wa tyubu, halafu inaingizwa kwenye nyekundu, ile ya kemia. Au nyekundu imepungua, mtu anamimina kidogo kutoka kwenye zambarau ili ijae. Matone machache yanatosha, na huwezi kuyaona kwa macho kwa sababu seramu inabaki safi, haina wekundu wa chembe zilizopasuka.

Ukirudia, jaza kwa mpangilio huu: chupa za kuotesha vijidudu kama zipo, kisha bluu, kisha nyekundu au njano, kisha kijani, kisha zambarau, mwisho kijivu. Kamba isikae mkononi zaidi ya dakika moja, na asifumbe na kufumbua ngumi, misuli ya mkono ikifanya kazi hutoa potasiamu. Damu ikishaganda izungushwe ndani ya saa moja au mbili. Isilazwe kwenye friji kabla ya kutenganishwa, baridi inasimamisha pampu za chembe na potasiamu inavuja nje taratibu bila chembe kupasuka.

Tabibu_Wilayani

Potasiamu ya marudio, nyekundu kwanza, zambarau baadaye: 4.3. Kalsiamu 2.31. ALP ya sampuli ya kwanza ilikuwa 9, na hakuna aliyeiona kwa sababu sote tulikimbilia 7.1. Mkojo hauna mimba. Rufaa nimeisitisha.

Swali: ingekuwaje kama ningeanza kabimazoli?

Seramu_Safi

Ungeizima tezi isiyo na ugonjwa wowote. Na kwa kuwa angeendelea na vidonge vyake, FT4 ya marudio ingebaki "juu", nawe ungeongeza dozi huku mgonjwa anavimba uso na kuchoka zaidi. Juu ya hapo, kabimazoli mara chache hufuta chembe nyeupe za damu, hatari ambayo hapaswi kuibeba mtu asiye na ugonjwa.

Ila iwe wazi kwa wengine wanaosoma: kama mapigo yangekuwa 120, moyo unadunda bila mpangilio, uzito umeporomoka au macho yametoka, kopo la bayotini lisingetosha kusimamisha tiba. Anayemeza bayotini anaweza pia kuwa na Graves ya kweli.

Tabibu_Wilayani

Nimerudi na majibu. Saa 96 tangu aache, mashine ileile: TSH 1.9, FT4 15.6, FT3 4.8, TRAb chini ya 0.8. Uchovu na nywele nimevifuata kwingine, feritini (akiba ya chuma) ni 7, iko chini.

Nataka kwenye fomu yetu ya maombi ya vipimo tuongeze mstari. Tuuandikeje ili ujazwe kweli?

Mpimaji_Mwandamizi

Uwe mfupi, ukae juu ya nafasi ya sahihi ya anayechukua damu, si ya daktari, maana mtoa damu ndiye yupo na mgonjwa dakika ile. "Vidonge vya nywele, kucha au ngozi ndani ya siku 3: Ndiyo / Hapana. Jina na miligramu: ____. Saa ya kumeza mara ya mwisho: ____." Na chini yake: "Kama ni Ndiyo na kipimo si cha dharura, mpangie tarehe nyingine. Kama ni cha dharura, mpigie mpimaji simu kabla ya kutuma sampuli."