Junior, mjusi na ukuta wa jikoni

Mama Tumpe: Shikamooni wakubwa. Junior kanitoa roho leo. Kajipaka gundi ya viatu viganjani, kapanda ukuta wa jikoni eti yeye Spider-Man. Kaangukia kwenye tuta la figili.

Shangazi Sae: 😂😂 Kaumia?

Mama Tumpe: Hata mchubuko. Figili ndo zimekufa.

Bibi: Marahaba. Poleni. Mpeni chai ya tangawizi, Uyole baridi.

Mama Tumpe: Junior hapa. Shikamoo Bibi. Mbona mjusi anapanda na hana gundi

Lusajo: Ndiyo maana anapanda, mdogo wangu. Mguu wake mkavu kabisa. Kuna mjusi mkubwa wa Asia ana vinywele kama laki tano kila mguu, na kila kinywele ncha yake imechanika vipande mamia, bapa kama mwiko. Zinausogelea ukuta mno mpaka chembe za mguu na za ukuta zinavutana. Kinywele kimoja si kitu, vyote kwa pamoja vinambeba. Nguvu hiyo inaitwa van der Waals.

Bamdogo: Sasa anachomokaje? Mbona anakimbia?

Lusajo: Anabandua kuanzia nchani, kama plasta ya kidonda. Mwangalieni usiku kwenye kioo cha dirisha, vidole vinajikunja kwa juu.

Mama Tumpe: Junior bado. Spider-Man ni buibui

Lusajo: Buibui wengi nao wana vinywele hivyo.

Bamdogo: Basi ashonewe glavu za vinywele, yaishe

Lusajo: Bamdogo wewe fundi. Tofali ukilikuza mara mbili kila upande, uso unaongezeka mara ngapi?

Bamdogo: Nne

Lusajo: Na uzito?

Bamdogo: Nane. Aaah! Uzito unauacha uso nyuma.

Lusajo: Hapohapo, na kunata kunategemea uso. 2016 watu wa Chuo Kikuu cha Cambridge walipiga hesabu: mtu mzima asilimia 40 ya ngozi yake ingebidi inate. Akitaka nyayo tu, avae kiatu namba 145.

Shangazi Sae: Hata soko la Mwanjelwa hukipati hicho 😂

Lusajo: Ila 2014 Chuo Kikuu cha Stanford walitengeneza vibao vya kushika mkononi, vinanata kama mguu wa mjusi, mtu wa kilo 70 akapanda navyo kioo. Kioo kisafi lakini, siyo plasta ya ukuta wenu inayopukutika.

Mama Tumpe: Lusajo mwanangu, nilitaka umkanye, wewe unampa moyo!

Mama Tumpe: Junior tena. Kaka nimekamata mmoja nimwangalie vidole

Lusajo: Safi. Umemweka wapi?

Mama Tumpe: Kwenye kopo la majani ya chai

Shangazi Sae: Mama Tumpe, ile chai ya Bibi mmeshakunywa?