Naomba ushauri: mchezo wa runinga usio na maneno, nimekwama

Konda Mstaafu: Wakuu, nina vipande 6 vya dakika tano tano, maisha yetu ya Dar bila neno hata moja: abiria anadai chenji ya mia mbili, mwenye nyumba anafuata kodi, foleni ya bombani. Kituo kimoja kimeniita Jumatatu. Watazamaji watakaa au watahama chaneli?

Mama Ashura: Watakaa. Mwanangu kutwa Shaun the Sheep, ile katuni ya kondoo, na mle hakuna anayeongea. Ukizima ni kilio.

Bwana Nazi: Mr. Bean yupo tangu 1990 na bado basi zima linacheka. Mke wangu nilimpatia humo, safari ya Mbeya, tunamcheka Bean tunagawana karanga. Siku hizi hacheki.

Fundi Sauti: Mkuu, bila maneno si bila sauti. Bean mwenyewe anaguna, kondoo wanalia. Sarafu za konda umezirekodi?

Konda Mstaafu: Hizo nitaongeza.

Fundi Sauti: Sijauliza utakachoongeza. Umerekodi nini?

Konda Mstaafu: Haya. Maneno yalikuwepo. Kinasa sauti hakikushika kitu siku zote tatu, na waigizaji nimeshawalipa hela ya kikoba cha mke wangu. Ila nilivyotazama kimya kimya nikaona imependeza zaidi! Kituo nimeshawaambia ndio mtindo wangu.

Mama Ashura: Mkeo anajua?

Mzee wa Baraza: Vijana mnaanza safari na uongo. Kikoba ni jasho la akina mama.

Fundi Sauti: Kwa hiyo midomo inacheza kama ya samaki. Ondoa nyuso zinazoongea. Weka kiganja kimenyooshwa, konda anatazama pembeni, kituo cha abiria kinapita dirishani. Hapo kila mtu ameelewa. Rudia hizo picha chache, hata kwa simu.

Konda Mstaafu: Kurudia haiwezekani. Konda kanyoa ndevu.

Bwana Nazi: 😂😂 Kirekodi kiganja basi, hakina ndevu.

Jicho la Tatu: Wakuu mnakunywa chai. Mwezi jana huyu alifungua uzi kaibiwa kamera Kariakoo. Karekodi na nini?

Konda Mstaafu: Ile ilikuwa ya shemeji.

Jicho la Tatu: Tuwekee kipande kimoja.

Konda Mstaafu: Nipeni dakika kumi, bando linasumbua.

Bwana Nazi: Saa ya pili hii.

Mama Ashura: Mimi bado nangoja jibu langu.