MJADALA: Serikali ya Joe Clark ya Canada iliangushwa na bajeti au na hesabu za kura?

Mtoa mada
Wadau, kila ikitajwa serikali ya Clark, waziri mkuu wa Canada wa 1979–80, utasikia ni kodi ya petroli iliyoiangusha. Sikubaliani. Uchaguzi wa 22 Mei 1979 ulikipa chama chake, Conservative, viti 136 kati ya 282. Clark akaapishwa 4 Juni, na 13 Desemba akaangushwa kwa kura 139 dhidi ya 133. Tuzichambue.

Wapinzani wakuu, chama cha Liberal, walikuwa 114, lakini Spika, James Jerome, alitoka kwao, na Spika hapigi kura mpaka zilingane. Wanabaki 113. NDP, chama cha mrengo wa kushoto, 27. Jumla 140, mmoja hakuwepo. Upande wa serikali ni 136, watatu hawakuwepo: Waziri wa Mambo ya Nje Flora MacDonald alikuwa Brussels kwenye kikao cha NATO, mwingine mgonjwa, wa tatu likizoni. Watano wa Social Credit, chama kidogo cha nne, hawakupiga kura kabisa.

Sasa warudishe wale watatu: 136 kwa 139, bado umeanguka. Waache hukohuko, uwapate watano wa Social Credit: 138 kwa 139, umekosa kwa kura moja. Ilibidi uwe na makundi yote mawili. Kwa hiyo kumlaumu mnadhimu wa chama, anayehakikisha wabunge wanakuwepo, peke yake ni kumwonea.

Bandari ya Kale
Mkuu, hesabu nimeielewa, ila kwa nini Social Credit walijitoa? Walishinda viti sita, na kanuni inataka 12 ndipo chama kitambuliwe rasmi, kipate fedha za utafiti na zamu ya kuuliza maswali. Clark angeweza kuwalegezea. Akakataa, kisha akampokea mbunge wao mmoja, Richard Janelle, kwenye chama chake. Unamtwaa mbuzi wa jirani halafu unamwomba akusaidie kulinda zizi?

Mama Zainab
Ndugu zangu, bajeti mmeipita juu juu. John Crosbie, Waziri wa Fedha, aliisoma 11 Desemba: senti 18 zaidi kwa galoni ya petroli, yaani kama senti 4 kwa lita. Siku mbili baadaye ikapigwa kura hoja ya Bob Rae wa NDP ya kuilaani serikali. Wale wa Social Credit wote walichaguliwa mkoa wa Quebec. Mbunge gani anarudi jimboni na kodi hiyo mkononi? Hata wangepewa ofisi na fedha, ningeshangaa kuwaona wakiiunga mkono.

Mtoa mada
Mama Zainab, hoja yako ni nzito. Lakini ratiba ya mjadala wa bajeti iko mikononi mwa serikali. Wangeusogeza mbele, MacDonald arudi, watu wazungumze. Hawakutaka. Clark aliamua kutawala kana kwamba ana wingi wa wabunge, akiamini wapiga kura watampa walichompa John Diefenbaker, waziri mkuu wa zamani wa Conservative, aliyeanza na serikali isiyo na wingi wa wabunge 1957 akarudi 1958 na viti 208. Tena Pierre Trudeau, waziri mkuu aliyemtangulia Clark, alishatangaza 21 Novemba kwamba anaachia uongozi wa Liberal, basi ikaonekana hawatathubutu kwenda kwenye uchaguzi. Na Bunge lenyewe liliitwa 9 Oktoba, miezi minne tangu kiapo! Huyo Trudeau, 1972, alikuwa na 109 dhidi ya 107 za Conservative, akaelewana na NDP, akadumu hadi 1974. Alilipa kwa sera, ikiwemo shirika la mafuta la taifa lililokuja kuwa Petro-Canada.

Bandari ya Kale
Hapo tuko pamoja. Ila tuwatendee haki mawaziri. MacDonald na Ron Atkey wa Uhamiaji ndio waliosukuma mpango wa kupokea wakimbizi 50,000 kutoka Indochina (Vietnam, Laos na Kambodia), na serikali hiyohiyo ndiyo iliyowahifadhi Wamarekani sita waliokwepa kutekwa ubalozi wao ulipovamiwa Tehran, Iran, hadi wakatolewa Januari 1980, wakati imeshaangushwa na inasubiri uchaguzi.

Mama Zainab
Kazi nzuri, lakini haikuwaletea kura. Tarehe 18 Februari 1980 Liberal walipata 147, Conservative 103. Social Credit hawakupata hata kiti kimoja, kwa hiyo sioni kama kujitoa kuliwaokoa na wapiga kura wa Quebec.