Naomba ushauri: duara la Mohr linanishinda

Ndugu wahandisi, niko mwaka wa pili wa uhandisi wa ujenzi na naomba msaada wenu. Boriti ya mita 4 iliyoegemezwa ncha zote mbili, yenye mzigo wa kilonyutoni 10 katikati, naimudu: ikiwa na upana wa milimita 100 na kimo cha 200, mkazo wa juu kabisa wa kupinda ni nyutoni 15 kwa milimita ya mraba, nao huwa maradufu boriti ikilazwa kwa upande wake mpana, jambo ambalo mafundi wa paa walilijua kabla yangu. Ninapokwama ni kwenye duara la Mohr, yaani mchoro unaoonyesha jinsi mkazo wa nukta moja unavyobadilika kulingana na pembe unayoutazamia, ambapo pembe huwa mara mbili ya ile halisi, nami huzungusha upande usio sahihi. Je, nianze na milinganyo ndipo nichore?